Naomba ushauri: je, niyaondoe maumbile katika tasnifu yangu kuhusu sanaa na uhuru kwa Kant, Schelling na Hegel?

Mwanafunzi_wa_Ujumi

Wakubwa zangu shikamooni, na wenzangu habari za jioni.

Ninaandika tasnifu ya shahada ya uzamili katika falsafa, kwa Kiswahili, na mada niliyoidhinishiwa ni sanaa, uhuru na maumbile (yaani ulimwengu wa asili) katika udhanifu wa Kijerumani, falsafa inayoipa akili na roho nafasi ya kwanza, kuanzia kitabu cha tatu cha uhakiki cha Immanuel Kant kilichotoka mwaka 1790 hadi mihadhara ya Hegel juu ya sanaa aliyoitoa Berlin katika miaka ya 1820. Nimebakiwa na miezi minne. Sura ya kwanza imerudi juzi kutoka kwa msimamizi wangu, na karibu hakuna alichosahihisha isipokuwa swali moja aliloliandika kwa penseli pembeni mwa ukurasa wa 31: «Maumbile yamekwenda wapi?»

Nimeisoma sura hiyo upya na nimeona kwamba swali lake ni la haki. Nilianza vizuri. Nilieleza jinsi Kant anavyokiri, katika utangulizi wa kitabu hicho, kwamba vitabu vyake viwili vya awali vimeacha korongo lisilopimika kati ya pande mbili. Upande mmoja kuna maumbile, ambamo kila tukio lina sababu iliyolitangulia na hakuna kinachoponyoka. Upande wa pili kuna uhuru, ambao kwa Kant maana yake ni akili kujiwekea sheria na kuitii, wala haufanani na kufanya mtu apendavyo. Lakini wajibu hutimizwa hapa hapa duniani, kwa mikono na miguu, na kwa hiyo ni lazima maumbile yawe ya namna inayoweza kuupokea uhuru, la sivyo wajibu ungekuwa maneno matupu. Uzuri ndio unaotupa dalili ya kwanza kwamba upokeaji huo unawezekana.

Baada ya hapo nikaingia kwa mshairi Schiller na barua zake za mwaka 1795 kuhusu malezi ya mtu kwa njia ya uzuri, nikapita kwa Schelling, ambaye mwaka 1800, akiwa na umri wa miaka 25, alitangaza kwamba sanaa ndiyo chombo pekee cha kweli na cha milele cha falsafa, nikaishia kwa Hegel anayesema kwamba sanaa, kwa wito wake wa juu kabisa, kwetu sisi ni jambo lililopita. Nilipofika ukurasa wa 31 nilikuwa nikiandika kana kwamba maumbile yalikuwa ngazi tu, na kwa kuwa tumekwisha kupanda, ngazi haina kazi tena.

Sasa niko njia panda. Naweza kuomba kichwa cha tasnifu kibadilishwe, nibaki na sanaa na uhuru, nisonge mbele. Au nirudi mwanzo niiandike sura yote upya, jambo ambalo litanila wiki sita. Mada hii naipenda kwa moyo wote na sitaki kuidhulumu, ila muda nao hauningoji. Naomba mnishauri, na kama mnaona maumbile yabaki, mnionyeshe ni wapi yanapofungamana na hayo mengine mawili kwa namna ambayo hayawezi kung'olewa.

Mwalimu_Mstaafu

Marahaba mwanangu. Usiyaondoe, na wala usianze kwa kuandika. Anza kwa kusoma upya kifungu cha 42 cha kitabu hicho hicho cha Kant, maana naona umekipita kama mtu anayepita mlangoni pa jirani bila kubisha hodi.

Kant anatusimulia habari ya mwenye nyumba ya wageni huko mashambani. Wageni wake wamekuja kuvuta hewa safi. Ni jioni tulivu ya kiangazi, mbalamwezi ni laini, na kutoka kichakani inasikika sauti ya yule ndege wa Ulaya aimbaye usiku, Nachtigall kwa Kijerumani, ambaye washairi wamemsifu tangu zamani. Wageni wanaburudika. Kumbe ndege hayupo: mwenye nyumba amemficha kichakani kijana mtundu mwenye unyasi mdomoni, anayejua kuiga sauti hiyo barabara. Kant anasema kwamba watu wakishagundua hila hiyo, hakuna atakayevumilia kuusikiliza tena kwa muda mrefu wimbo ambao dakika moja iliyopita waliuona mtamu mno.

Shika hapo. Sauti haikubadilika hata kidogo. Masikio ni yale yale, noti ni zile zile. Kama uzuri ungekuwa mpangilio wa sauti peke yake, wageni wasingekuwa na sababu ya kuinuka. Kilichotoweka ni imani kwamba maumbile yenyewe, bila kuamriwa na mtu na bila kutulenga sisi, yametoa kitu ambacho nafsi zetu zinakitambua kana kwamba kilikusudiwa. Na mahali pengine, mwishoni mwa sehemu ya kwanza ya uchambuzi wake wa uzuri, anasema wimbo wa ndege, ambao hatuwezi kuuweka chini ya kanuni yoyote ya muziki, unaonekana kuwa na uhuru mwingi zaidi kuliko hata wimbo wa mwanadamu ulioimbwa kwa kanuni zote. Angalia neno alilolichagua, tena analitumia kwa ndege, kiumbe ambaye kwa mujibu wa kitabu chake cha kwanza amefungwa na sababu kama jiwe linaloporomoka.

Ukiyatoa maumbile, wageni wale hawana sababu ya kukasirika, na wewe utabaki na nadharia isiyoweza kueleza kwa nini walikasirika.

Msomaji_wa_Hegel

Kwa heshima zote kwa Mwalimu, mimi ningemshauri dada abadilishe kichwa cha tasnifu. Miezi minne si mingi, na upande wa Hegel utetezi upo tayari. Mwanzoni kabisa mwa mihadhara yake anauweka uzuri wa maumbile kando, kwa hoja kwamba uzuri wa sanaa umezaliwa na roho, na hata wazo baya linalopita kichwani mwa mtu liko juu kuliko zao lolote la maumbile, kwa sababu ndani yake mna roho na uhuru. Mfano wake ni wa mtoto anayetupa mawe mtoni na kuyatazama mawimbi ya duara yakitanuka: anayastaajabia kwa sababu anajiona mwenyewe katika kazi yake. Hapo sanaa na uhuru vimekamilika, na maji ni mahali tu pa tendo kutokea.

Tahadhari moja: kitabu tunachokisoma kilihaririwa na mwanafunzi wake Hotho baada ya Hegel kufariki mwaka 1831, kikatoka kati ya 1835 na 1838, kutokana na madaftari ya mwalimu na maandishi ya wanafunzi. Ukinukuu neno kwa neno, usijenge hoja nzima juu ya kishazi kimoja.

Mfasiri_wa_Pwani

Dada, mimi si mwanafalsafa, ni mfasiri, lakini nimeshughulika na matini za Kijerumani kwa miaka mingi na nadhani sehemu ya tatizo lako iko katika maneno. Umeandika «kujiwekea sheria». Jaribu «kujitungia sheria», kisha usikilize kitenzi hicho kinakupeleka wapi. Bunge hutunga sheria. Malenga hutunga shairi. Mimba hutunga tumboni. Mvuvi hutunga samaki katika ukambaa, nasi tukauita mtungo. Uhuru, sanaa na maumbile, yote matatu ambayo Wajerumani wale walihangaika kuyaunganisha kwa vitabu vizito, kwetu yanakaa ndani ya kitenzi kimoja ambacho mama zetu hukitumia jikoni na sokoni bila kufikiri mara mbili.

Rudi sasa kwenye kifungu cha 46, pale Kant anapomweleza msanii mwenye kipaji cha kipekee: ni kipawa cha kuzaliwa nacho ambacho kwa njia yake maumbile huipa sanaa kanuni. Msanii hawezi kukueleza alivyofika. Mwanasayansi Newton, anasema Kant katika kifungu kinachofuata, angeweza kuwaonyesha wengine kila hatua aliyopiga kuanzia misingi ya jiometria. Homer, mshairi wa kale wa Wagiriki, hawezi kuonyesha jinsi mawazo yake yalivyomjia kichwani, kwa sababu hata yeye hajui. Kwa maneno mengine, shairi linatungwa na mtu, na wakati huo huo linatunga ndani yake.

Angalia pia neno «maumbile» lenyewe, linalotokana na kuumba. Tunalitumia kwa vitu vilivyokwisha kuumbika: mlima, mti, umbo la mwili. Schelling hakutaka maumbile ya namna hiyo peke yake. Aliyataka pia maumbile yanayoumba, nguvu inayofanya kazi kabla ya umbo kutulia. Nakushauri utumie maneno mawili tangu ukurasa wa kwanza, maumbile kwa mazao na uumbaji kwa nguvu, ukieleza mapema kwamba humaanishi uumbaji wa kidini. Na neno «uhuru» libainishie maana yake mapema pia, kwa sababu msomaji wetu akilisikia huona bendera ya 1961 au ya 1963 ikipanda mlingotini, wakati Kant anazungumzia jambo linaloweza kumtokea mtu aliyefungwa gerezani.

Mwanafunzi_wa_Ujumi

Nimesoma majibu haya mara tatu. Mwalimu, nakushukuru sana. Kijana yule mwenye unyasi mdomoni nilimsoma mwaka jana nikamwona kichekesho cha kupumzisha msomaji, kumbe ndiye anayebeba mzigo. Mfasiri, suala la kutunga limenigusa kiasi kwamba natamani kulifanya uti wa mgongo wa tasnifu nzima. Je, ninaruhusiwa?

Mwalimu_Mstaafu

Litumie, mwanangu, lakini lisikuendeshe. Kitenzi kimoja kubeba kazi tatu hakuthibitishi kwamba kazi hizo ni moja. Hatari iko hapa: shairi hutungwa na mwenye hiari ya kubadilisha mshororo usiompendeza, ilhali sheria ya maadili, kwa Kant, akili hujitungia bila ruhusa ya kubadilisha hata neno moja kwa sababu ya ladha. Ndiyo maana katika kifungu cha 59 anasema uzuri ni ishara ya wema, hasemi kwamba uzuri ni wema. Schiller alikivuka kidogo kizuizi hicho. Katika barua zake kwa rafiki yake Körner mwanzoni mwa 1793 aliuita uzuri uhuru unaoonekana, na mfano wake ni wa miti: msonobari ni mzuri unapopanda juu wima, mwaloni ni mzuri unapopinda, kwa kuwa kila mmoja, ukiachwa peke yake, ndivyo unavyopenda kukua. Tazama tofauti ya hatua. Kant alimsikiliza ndege. Schiller anautazama mti kana kwamba una nafsi yake ya kuheshimiwa. Sura yako ikilionyesha hilo tu kwa uangalifu, msimamizi wako atakuwa amejibiwa.

Ama Msomaji wa Hegel, hoja yako ninaiheshimu, lakini soma mbele zaidi katika mihadhara hiyo hiyo, pale Hegel anapowasifu wachoraji wa Uholanzi. Anaeleza furaha yao ya kuchora vitu vidogo kwa kukumbusha kwamba watu wale ardhi yao kwa sehemu kubwa waliitengeneza wenyewe, wakailinda dhidi ya bahari, na uhuru wao wakaupata kwa kupambana na Uhispania. Maji yale hayakuwa mahali tu pa kutupia mawe.

Msomaji_wa_Hegel

Kuhusu Waholanzi nakubali, nilikuwa nimeisahau sehemu hiyo. Naondoa ushauri wangu wa kubadilisha kichwa.

Mfuasi_wa_Schelling

Naongeza jambo moja ambalo dada atalihitaji katikati ya sura, maana naona Schelling ametajwa kwa kauli yake moja maarufu tu. Hoja ya mwaka 1800 haiishii kuisifu sanaa. Anasema maumbile huanza bila kujitambua na kuishia katika mazao yanayoonekana kana kwamba yalikusudiwa, ilhali msanii huanza akijua anachotaka na kuishia na kazi yenye mengi kuliko aliyoyajua. Ni njia moja inayopitwa kutoka ncha mbili. Kwa hiyo kuyaondoa maumbile kwa Schelling ni kuikata njia katikati na kuendelea kuiita njia.

Kisha usiiache hotuba yake ya München ya tarehe 12 Oktoba 1807, juu ya uhusiano wa sanaa za maumbo na maumbile. Hapo ndipo tofauti ya Mfasiri kati ya maumbile na uumbaji inapopata kazi. Schelling anamwonya msanii asiigize vitu vilivyokwisha kuwapo, kwa sababu atatoa vinyago visivyo na uhai. Ajitenge navyo kwanza ili aifikie roho inayofanya kazi ndani ya vitu hivyo. Na miaka miwili baadaye, katika kitabu chake cha 1809 kuhusu uhuru, anailaumu falsafa yote mpya ya Ulaya tangu Descartes kwa kasoro moja ya pamoja, kwamba kwake maumbile hayapo, na hivyo imekosa msingi ulio hai. Katika kitabu hicho hicho uhuru umekuwa uwezo wa kutenda mema na mabaya, na sanaa haishiki tena kiti cha mbele. Hapo pana giza ambalo sura moja haitalimaliza. Litaje, uliache kwa sura ya tatu.

Mwanafunzi_wa_Ujumi

Nimeamua. Kichwa cha tasnifu kinabaki kama kilivyo. Leo asubuhi nimezifuta kurasa tisa za mwanzo, zile za maisha ya Kant na tarehe za vitabu vyake, na mahali pake nimeanza na nyumba ya wageni, mbalamwezi na kijana kichakani. Kutoka hapo naona naweza kwenda moja kwa moja kwenye korongo, kisha kwenye mwaloni unaopinda, kisha München. Lawama ya Schelling ya 1809 nitaiweka ukurasa ule ule wa 31, chini ya swali la penseli, ambalo sitalifuta kwenye nakala yangu.

Mfasiri, nikishamaliza sehemu ya istilahi nitaomba uipitie, hasa pale nilipotumia «uumbaji», maana tayari nimeona sentensi mbili ambazo zinasomeka kama mahubiri.