Acheni kuandika "Edda inasema" bila kutaja mswada!

Wadau, hivi hili jambo litaisha lini? Mtu anafungua uzi kuhusu miungu na mashujaa wa kale wa Skandinavia, anaandika "Edda inasema", anashusha beti tatu, basi. Edda ipi? Ile ya Snorri Sturluson, mwandishi wa Iceland aliyeuawa 1241, ni kitabu cha nathari cha kufundisha utunzi. Mashairi mnayonukuu yamo kwenye GKS 2365 4to (hiyo ni namba yake ya maktaba), mswada wa ngozi wa miaka ya 1270 hivi, na wenyewe hauna jina hilo. Jina alilibandika askofu wa Iceland, Brynjólfur Sveinsson, alipoupata 1643, akaongeza kwamba ni kazi ya Sæmundr, msomi wa Iceland aliyefariki 1133. Leo bado kuna wanaoandika "Edda ya Sæmundr", tena kwa kujiamini.

Na tarakimu muwe nazo makini. Ukiandika 2367 badala ya 2365 umeshahamia kwenye kitabu cha Snorri. Miswada yote miwili huitwa Codex Regius, yaani kitabu cha mfalme, kwa hiyo jina hilo peke yake halimsaidii msomaji.

Kinachokera kuliko vyote ni Völuspá, shairi la utabiri kuhusu mwanzo na mwisho wa dunia. Watu wanajaza kurasa kuthibitisha Ukristo wa mtunzi kwa sababu mwishoni "mwenye enzi" anashuka kutoka juu: Þá kemr inn ríki at regindómi. Ubeti huo haumo kwenye GKS 2365! Snorri naye ananukuu beti nyingi za Völuspá, huo hana. Umo tu kwenye mswada mwingine, Hauksbók (AM 544 4to), tena nusu ubeti. Mhariri wa toleo lako ameupachika na kuupa namba, wewe ukadhani umekaa hapo tangu mwanzo. Teremsha macho chini ya ukurasa, kwenye yale maandishi madogo mnayoyaruka: R ni GKS 2365, H ni Hauksbók. Kama kuna H bila R, sema hivyo kabla hujajenga hoja juu yake.

Halafu GKS 2365 ina pengo. Baada ya karatasi ya 32 zimepotea karatasi 8, zimebaki 45. Hapo katikati ya habari za Sigurðr, shujaa aliyeua joka, mnajaza kwa Völsunga saga, ambayo ni hadithi ya nathari, na bado mnaandika "Edda".

Kuhusu tafsiri, hadithi ya Waviking kunywea mafuvu ya maadui imetoka kwenye fumbo moja la shairi la Krákumál: ór bjúgviðum hausa, yaani kutoka kwenye miti iliyopinda ya vichwa. Mti uliopinda unaoota kichwani ni nini kama si pembe? Walinywea pembe za ng'ombe. Tafsiri ya Kilatini kwenye kitabu cha msomi wa Denmark, Ole Worm, cha 1636 ikafanya pembe kuwa mafuvu ya waliouawa, na humu ndani mafuvu hayo yanazunguka mpaka leo.

Kunukuu kwenyewe hakuhitaji dakika mbili: jina la shairi, namba ya ubeti, toleo, mswada, karatasi na upande wake, r mbele, v nyuma. Völuspá ya GKS 2365 inaanzia 1r. Picha zipo handrit.is, bure.

Anayetaka kubisha aje na namba ya karatasi.