Pampu ya kijiji imekufa tena, naomba ushauri

Habari zenu ndugu zangu. Mimi ni mweka hazina wa kamati ya maji katika kijiji kimoja karibu na Bweyale, wilaya ya Kiryandongo, Uganda. Pampu yetu ya mkono, aina ya U2, imekufa mara ya pili. Fundi alipovuta mabomba ya chuma tukakuta yameliwa na kutu. Kumbe ndiyo maana maji yalitoka mekundu. Kila nyumba hutoa shilingi 2,000 kwa mwezi, lakini wajane wengine hawana, na siwezi kuwafukuza kisimani. Tulijaribu kulipisha kwa dumu, wakarudi kuchota bwawani.

Mliobadilisha mabomba mkaweka ya plastiki, yamedumu? Na mnachangishaje bila kumnyima maskini maji?