Kikundi cha Familia, Matondoni: Hali ya Baba Baada ya Kutoka Hospitali

Mama Fauzia: Assalaam aleikum nyote. Wifi Zena, ukipata nafasi nipigie. Baba leo kanitia hofu.

Zena: Waaleikum salaam wifi. Niko zamu, sitoki mpaka jioni. Andika hapa hapa na wengine wasome. Ana homa? Pumzi zake vipi?

Mama Fauzia: Homa hana, nimempima 36.7. Anapumua vizuri. Ila alishuka mwenyewe bandani kwenye lile dau. Akachukua pamba ya kalafati, ile ya kuziba nyufa za mbao, akaisokota vizuri kama kawaida yake, akaisogeza kwenye ubao, halafu akasimama. Akamuuliza mtoto, "Hii naitia wapi?" Fundi mzima, wifi! Akakaa kwenye magogo akalia.

Khalati Mwanaisha: Yaa Rabbi 😢

Ami Athmani: Mimi nimelisema hili tangu Ijumaa. Usiku anaona watu wamesimama kichwani pake, nywele zimejaa kwenye mto, na sasa hili. Hospitali wamemaliza yao. Aitwe mwalimu amsomee.

Zena: Shikamoo Ami. Kisomo ni kheri, asomewe, na mimi namuombea kila swala. Lakini hayo yote matatu yana sababu, na naomba tuijue kabla hatujaanza kumtafuta wa kumlaumu.

Kile kidonda cha mguu kilipoingiza maambukizi, mwili ulipigana nayo mpaka ukaanza kujiumiza wenyewe. Ndiyo sepsisi waliyoiandika kwenye karatasi. Presha ikashuka, figo zikalegea, akawekwa kwenye mashine ya pumzi. Antibiotiki zimeua viini, Alhamdulillah, lakini madhara hayakuisha siku aliporuhusiwa. Misuli imepungua kwa kulala kitandani, na kichwa nacho kimeumia. Kusahau, kushindwa kupanga kazi aliyoizoea, kulia ovyo, kukosa usingizi, haya huwapata wengi waliopona sepsisi.

Na wale watu anaowaona usiku, Ami, alianza kuwaona kule kule kwenye chumba cha mahututi. Homa, dawa za usingizi, taa hazizimwi, mtu hajui mchana wala usiku. Akianza kuwataja msibishane naye wala msimcheke. Washeni taa, mwambieni yuko Matondoni, yuko nyumbani, na nani yuko naye. Nywele kutoka miezi miwili mitatu baada ya ugonjwa mkali ni kawaida, zitaota.

Ami Athmani: Marahaba mwanangu. Basi hiyo akili itarudi?

Zena: Wengi hurudiwa, lakini polepole. Huchukua miezi, wengine mwaka na zaidi, na wako wanaobaki na usahaulifu kidogo. Siku maalumu siwezi kukuahidi. Kazi tusimnyang'anye, maana ndiyo dawa yake nyingine. Apewe kitu kimoja chepesi, kijana akae naye, wakiona amechoka wainuke.

Omari: Mimi nilikuwa nikimwambia ajikaze, atembee mpaka msikiti wa Ijumaa na kurudi. Nilidhani anajilegeza.

Zena: Hajilegezi kaka. Uchovu huu haushindwi kwa kujikaza. Leo atoke kitandani hadi kibarazani mara kadhaa, wiki ijayo hadi mlangoni kwa jirani, aongeze kidogo kidogo. Siku akizidisha, siku mbili zinazofuata hainuki. Swala aisali amekaa, dini haina tabu.

Khalati Mwanaisha: Na chakula? Nimemletea supu ya pweza, kanywa vijiko viwili tu.

Zena: Vijiko viwili mara sita ni bora kuliko sahani moja inayorudi. Samaki, mayai, kunde, maziwa, vyote vinajenga misuli. Uji usitiwe sukari, sukari yake iangaliwe kila siku, kwa sababu ikipanda kidonda hakifungi na tunarudi tulikotoka.

Ami Athmani: Magoti yanamuuma usiku. Nimemnunulia diklofenaki dukani.

Zena: Ami wangu, tafadhali asipewe. Diklofenaki na ibuprofeni zote zinaumiza figo, na zake bado dhaifu. Parasetamoli kwa kipimo kilichoandikwa kwenye pakiti. Na mitishamba isubiri mpaka daktari aone figo.

Ami Athmani: Naam. Nairudisha.

Zena: Sasa hili naomba kila mmoja alisome mara mbili. Aliyewahi kupata sepsisi ni rahisi kuipata tena, na miezi mitatu ya mwanzo ndiyo wengi hurudishwa wodini. Mkiona homa ya 38 au zaidi, au mwili wa baridi chini ya 36, anatetemeka, pumzi zimefika 22 kwa dakika amekaa tu, maneno yamevurugika kuliko ya leo, mkojo umekauka, au ngozi imeingia mabaka, msingoje asubuhi. Msimpe panadol mkasema tuone. Kila saa ina thamani. Mkifika tu mwambieni daktari, "Huyu alikuwa na sepsisi," hata kabla hajauliza.

Mama Fauzia: Na ikiwa ni usiku maji yamekupwa? Juzi boti zote zilikaa kwenye matope.

Omari: Hilo niachie mimi. Yangu naitia nanga nje, kwenye maji ya kina, hasa hizi siku za bamvua, maji yanapojaa na kupwa sana. Petroli ya kufika mjini itakaa kwenye dumu lake, hapana kuigusa kwa uvuvi.

Ami Athmani: Petroli juu yangu.

Khalati Mwanaisha: Na wageni je? Jana walijaa chumbani, mmoja anakohoa.

Zena: Wawe wawili wawili, wanawe mikono, mwenye kikohozi amsalimie kwa simu. Wanaofunga kidonda wanawe kwa sabuni kabla na baada.

Jumatatu ana kliniki mjini. Wifi, chukua karatasi ya kuruhusiwa na dawa zote kwenye mfuko mmoja. Uulize kipimo cha damu cha figo, presha, na chanjo ya nimonia na ya homa ya mafua. Na mweleze daktari habari ya pamba bila kuona haya, asipoambiwa hawezi kujua.

Mama Fauzia: Sawa wifi. Omari, Jumatatu maji yanajaa saa ngapi?

Omari: Naangalia, nakwambia jioni. Tutoke mapema asikae juani.