Tumepatana nje ya mahakama: nifute kesi au makubaliano yasajiliwe?

Muuza Dagaa, Kirumba
Habari zenu wanajukwaa. Nilimfungulia shauri katika mahakama ya wilaya mtu niliyemuuzia injini ya mtumbwi kwa mkopo, na deni lililobaki ni shilingi 4,800,000. Kabla shauri halijaanza kusikilizwa, wazee wa mwaloni, pale mitumbwi inapotia nanga, walitukalisha chini, naye akakiri deni na kuahidi kulipa shilingi 800,000 kila mwezi. Sasa ananiomba niifute kesi kwanza, kwa hoja kwamba waliopatana hawana sababu ya kuendelea kuitana mahakamani. Tumeandikiana karatasi yenye saini zetu na za mashahidi wawili. Je, inatosha? Na deni la nyavu, ambalo halimo katika hati ya madai, laweza kuingizwa humo humo?

Wakili wa Nyamagana
Mama, usiifute. Ukiliondoa shauri bila mahakama kukupa ruhusa ya kulifungua upya, sheria inakuzuia kumshtaki tena kwa madai yale yale, na karatasi yenu itabaki mkataba wa kawaida ambao, akikwama mwezi wa pili, utalazimika kuufungulia shauri jipya. Njia iliyo salama ni Amri ya XXIII, Kanuni ya 3 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33: mahakama ikiridhika kwamba wadaawa, yaani pande mbili za kesi, wamemaliza mgogoro, wote au sehemu yake, kwa makubaliano halali, inayaingiza katika kumbukumbu zake na kutoa tuzo, yaani amri rasmi ya mahakama inayoamua madai, kwa mujibu wake. Andaeni hati ya makubaliano yenye namba ya shauri, mtie saini ninyi wenyewe, iwasilishwe siku shauri litakapotajwa. Akikiuka, unaomba kukazia tuzo, yaani mahakama imlazimishe kuitekeleza, hata kwa kukamata mali yake. Tuzo hiyo inahusu tu yaliyomo katika shauri. Deni la nyavu liandikieni mkataba wake.

Mzee wa Igombe
Wakili amesema kweli, ila mitego imo kwenye masharti. Kama mdaiwa wako anavua dagaa, kipindi cha mbalamwezi haingii ziwani, kwa hiyo ukimwekea tarehe 30 ya kila mwezi ipo miezi itakayomkuta mkono mtupu. Chukueni kalenda, mwandike tarehe halisi zinazofuata siku za giza, wakati ameshauza. Kisha wekeni kifungu kwamba akikosa awamu moja, salio lote linadaiwa kwa mkupuo. Bila hicho utakuwa unakazia laki nane nane, kazi ya kuchosha kweli. Mseme pia nani anabeba gharama za kesi, maana hapo ndipo wengi hugombana upya.

Muuza Dagaa, Kirumba
Nashukuru sana, Mzee wangu na Wakili. Je, baadaye anaweza kukata rufaa akidai wazee walimlazimisha?

Wakili wa Nyamagana
Tuzo iliyotolewa kwa ridhaa ya pande zote haikatiwi rufaa. Anaweza kuipinga kwa njia nyingine akidai udanganyifu au shinikizo, lakini mzigo wa kuthibitisha ni wake. Ndiyo maana nakushauri umpe rasimu akae nayo siku kadhaa, aisome au asomewe na mtu anayemwamini, na wazee wasiwepo anapotia saini. Hakimu naye kwa kawaida huuliza kila upande kama umekubali kwa hiari yake, na jibu lake litabaki kwenye mwenendo wa shauri.