Kaye yangu ya matetemeko ya Mei 2021: saa nilizoandika zinasomwaje?

Mama Furaha, Majengo, Goma

Jambo zenu wandugu. Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi. Volkano ya Nyiragongo ilipotoka Jumamosi tarehe 22 Mei 2021 tulikimbia usiku kuelekea Sake, kesho yake tukarudi, na ardhi ikaanza kutetemeka mchana na usiku. Ili nisichanganyikiwe, nikachukua kaye ya mwanangu nikaanza kuandika saa. Nyumba yetu ni ya mbao. Kwenye rafu kulikuwa na sufuria yenye kifuniko kilichopinda, ardhi ikitikisika kinalia trrr. Nikajiwekea sheria: kifuniko kikilia naandika, kisipolia siandiki, hata kama moyo wangu umeshtuka. Niliendelea hivyo hadi tarehe 27, tulipoambiwa tuondoke tena.

Kaye hiyo nimeikuta wiki hii chini ya vitenge. Kurasa sita za saa na dakika tu: 14:07, 14:19, 14:22… Binti yangu anasoma uuguzi. Aliitazama akasema, "Mama, hii ni kama karatasi ya moyo, ile mashine inayochorea mapigo." Tangu hapo sina utulivu. Watu wa moyo wanahesabu saa, watu wa volkano pia, nasikia hata watu wa nyota. Je, kuna njia moja wanayotumia wote? Na mimi mwenye kaye na kalamu naweza kuifuata? Nataka kujua kama kurasa hizi zinasema kitu, au ni hofu yangu tu niliyoiandika.

Mwanafunzi wa hesabu, Bukavu

Mama mwalimu, jambo yako. Kifuniko hicho kimenifurahisha kuliko yote. Ugumu wa kazi hii ni kujua kipimo kimesikia nini na kimekosa nini. Wewe ulichagua kipimo kimoja ukakishika siku zote.

Wote wanaanzia mahali pamoja: wanaacha saa zenyewe, wanachukua mapengo. Kutoka 14:07 hadi 14:19 ni dakika 12, kisha hadi 14:22 ni dakika 3. Fanya hivyo kaye yote. Tafuta wastani, halafu uone mapengo yanatawanyika kiasi gani kuuzunguka. Yakikaribiana sana, una kitu kinachopiga kama saa ya ukutani. Mtawanyiko ukilingana na wastani, huenda matukio hayajuani, kila moja linakuja kivyake. Mtawanyiko ukizidi wastani, yanakuja kwa mafungu. Wanaochunguza seli za ubongo wanatumia kipimo hicho, na wa matetemeko pia.

Hapa watu wengi wanateleza. Wanadhani mambo ya bahati huja kwa mapengo sawasawa, kumbe bahati yenyewe hufanya mafungu. Mwaka 1898 Ladislaus Bortkiewicz alichapisha hesabu ya askari wa Prussia waliouawa kwa teke la farasi. Ukihesabu kikosi kimoja kwa mwaka mmoja, mara 109 kati ya 200 hakufa mtu, na mara moja walikufa wanne. Mtu angeanza kutafuta kosa la kikosi kile. Lakini hesabu ya bahati tupu inatoa karibu namba zile zile. Kwa hiyo matetemeko mawili ndani ya dakika 3, peke yake, hayathibitishi kitu.

Jaribio ninalolipenda ni hili. Andika kila pengo kwenye kikaratasi, tia vyote ndani ya sufuria, changanya, vuta kimoja kimoja, panga upya. Mapengo ni yale yale, wastani ni ule ule, ila mfuatano umevunjika. Fanya mara ishirini. Kama ulichokiona kwenye kaye kinajitokeza hata kwenye mfuatano wa sufuria, usikitegemee. Kikipotea karibu kila mara, basi mfuatano wenyewe ulikuwa unasema kitu.

Na tafadhali: saa ulizolala si pengo la ardhi. Usizihesabu.

Muuguzi, Himbi

Yaya mwalimu, binti yako ana jicho. Karatasi ya moyo hutembea milimita 25 kwa sekunde, kwa hiyo mraba mkubwa mmoja, wa milimita 5, ni sekunde 0,2. Nikitaka kujua kama moyo unakwenda sawa, nachukua kipande cha karatasi nyeupe, naweka ukingo wake juu ya ncha mbili ndefu zinazofuatana, natia vialama viwili kwa kalamu, kisha nakisogeza hadi ncha zinazofuata. Vialama vikiangukia penyewe, sawa. Visipoangukia, nazidi kusogeza nione kama kuna utaratibu.

Jambo lililonishangaza nilipokuwa nasoma ni kwamba moyo mzima haupigi kama saa. Ukivuta pumzi unaharakisha kidogo, ukiitoa unapunguza, hasa kwa vijana. Mapengo yanapanda na kushuka kama wimbi. Lakini kuna ugonjwa ambamo vyumba vya juu vya moyo vinatetemeka ovyo, na mapengo hayana utaratibu wowote. Ukihesabu mapigo ya dakika nzima tu, watu hawa wawili unaweza kuwapatia namba moja, 80 na 80. Kwa hiyo ndugu wa Bukavu amesema kweli: vikaratasi vya yule mzima ukivichanganya kwenye sufuria, wimbi la pumzi linapotea.

Motari wa Birere

Mimi nauliza jambo la maisha yetu. Nyiragongo ilitoka Januari 1977, Januari 2002, Mei 2021. Miaka 25, halafu 19. Nina watoto wanne. Si tuhesabu basi itakayofuata?

Mwanafunzi wa hesabu, Bukavu

Papa, swali lako ndilo lililonifanya nisome hesabu. Una tarehe tatu, kwa hiyo una mapengo mawili tu. Mawili hayatoshi hata kuchanganya kwenye sufuria.

Hata mapengo matano yamewahi kudanganya. Parkfield, kijiji cha Kalifornia, kilitetemeka 1857, 1881, 1901, 1922, 1934 na 1966. Wastani ni karibu miaka 22. Wataalamu wakatangaza linalofuata litakuja kabla ya 1993, wakajaza vipimo pale. Lilikuja Septemba 2004. Watu wa nyota wana bahati: nyota ya kwanza ya mapigo, aliyoiona Jocelyn Bell mwaka 1967, hutuma pigo la redio kila sekunde 1,337, nao wanaweza kusubiri pigo linalofuata wakatafuta uchelewaji mdogo kabisa. Mlima haujatupa ahadi kama hiyo. Kwa mlima wanaangalia mambo mengi pamoja: mitetemo, gesi, ardhi kuvimba.

Mama, jambo moja zaidi. Mwaka 1894 Fusakichi Omori wa Japani alionyesha kwamba baada ya tetemeko kubwa madogo hupungua kwa taratibu: siku ya kumi yanakuwa karibu sehemu ya kumi ya siku ya kwanza. Usilazimishe kaye yako ifuate hiyo. Mei 2021 magma, yaani mawe yaliyoyeyuka kwa moto, ilikuwa inajipenyeza chini ya mji na chini ya ziwa, na inaposukuma, mitetemo inaweza kupungua kisha ikaongezeka tena.

Mama Furaha, Majengo, Goma

Aksanti sana wote. Jana jioni tulikaa na watoto kando ya mbabula tukakata vikaratasi, tukavichanganya mara ishirini ndani ya sufuria ile ile. Kifuniko bado kinalia. Kwenye kaye, mapengo ya dakika 2, 3, 4 yamekaa pamoja, hasa tarehe 24 na 25. Tukivuta kwenye sufuria yanatawanyika huku na huku. Mara moja tu kati ya ishirini yalikaribiana kama kwenye kaye. Binti yangu aliomba turudie tena, akiogopa hatukuchanganya vizuri. Tukarudia, ikawa vile vile.

Motari wa Birere, na mimi nina watoto. Nilitamani sana tupate mwaka wa kuandika ukutani.

Kwenye usiku wa tarehe 25 nimekuta nafasi tupu ya saa tano. Nakumbuka: ndipo nililala mara ya kwanza, nimekaa, mgongo ukutani. Nimepiga mstari mwekundu juu na chini yake, na sikuihesabu.