Mimi ni Wakati: gumzo la kikundi cha ukoo, Jumamosi usiku

Zuhura: Shikamooni wakubwa. Shangazi, jana nimeanza ile Mahabharat ya 1988, tamthilia ya Kihindi ya vita vya kale, uliyokuwa unanisimulia. Nimeishia dakika ya kumi na tano. Anga jeusi, nyota, kitu kinazunguka, sauti inaongea peke yake, halafu ikulu na wazee. Vita viko wapi?

Shangazi Mwajuma: Marahaba mwanangu. Umeizimia wapi hasa?

Zuhura: Pale mfalme Bharat anaingia barazani kumtaja mrithi.

Shangazi Mwajuma: Basi umeondoka mlangoni. Rudi.

Hamza: Mimi niko na Zuhura. Hadithi ya vita ianze na vita. Mashujaa kama Arjun na Karna wapo, magari ya farasi yapo, unatuwekea baraza?

Baba Mdogo Rajabu: Hamza, vita vyenyewe ni siku 18 tu. Kitabu cha kale chenyewe kina juzuu 18, na kwa hesabu ya wenyewe ni beti laki moja. Ukianzia kwenye mishale utajua nani kampiga nani, hutajua wanagombea nini. Wanagombea kiti. Kwa hiyo tamthilia inakuonyesha kwanza mtu aliyejua kiti kinataka mtu wa namna gani. Bharat ana wana tisa. Anasimama mbele ya baraza, anamtaja Bhumanyu, mwana wa Bharadwaj. Mtoto wa mtu mwingine kabisa! Katika wale tisa wake hakuona anayefaa. Na huyo ndiye Bharat ambaye Wahindi mpaka leo wanaiita nchi yao kwa jina lake, limo hata kwenye katiba.

Hamza: Lakini wale tisa wamekosa nini? Baba kuwapita wanawe hadharani si jambo dogo.

Baba Mdogo Rajabu: Si dogo. Hata mama yake Bharat, Shakuntala, linamgusa. Jibu lake ni kwamba mfalme ana deni kwa raia: awatendee haki, awalinde, awaachie mrithi anayeweza kuifanya kazi hiyo. Hili la tatu ndilo ukoo mzima unakuja kulishindwa. Angalia Shantanu, mfalme wa baadaye katika ukoo huo. Kampenda Satyavati, baba wa binti anasema wanangu wa baadaye ndio watakaotawala. Yupo Devavrat, mwana wa Shantanu, kijana amekamilika kila kitu, naye anaapa hatatawala wala hataoa ili baba yake apate mke. Ndiyo akaitwa Bhishma. Kuanzia hapo kiti kinafuata tumbo, hakifuati uwezo. Ukifika kwa mfalme Dhritarashtra na mwanawe Duryodhan, anayeking'ang'ania kiti mpaka vita, unamkumbuka Bharat na wale tisa.

Bibi: Rajabu, hiyo sauti ni ya nani? Nilikuwa naisikia nikiwa uani kwangu, chini ya dirisha la Mama Jayesh, nafua. Ilikuwa nzito, yenye heshima.

Baba Mdogo Rajabu: Shikamoo mama. Ni Harish Bhimani, sura yake huioni. Anajiita Samay, Wakati. Mwandishi wa mazungumzo ni Rahi Masoom Raza, Mwislamu wa upande wa Ghazipur, mji uliopo kando ya mto Ganga.

Bibi: Mwislamu? Mashaallah. Kumbe.

Baba Mdogo Rajabu: Ndiyo mama. Na hapa mnisikilize, maana hili nimelifikiria miaka mingi. Kwenye kitabu, hadithi inasimuliwa na Ugrashravas kwa wenye hekima msituni Naimisha. Yeye aliisikia kwa Vaishampayana, aliyeisimulia mbele ya mfalme Janamejaya. Na Janamejaya ni nani? Kitukuu cha Arjun. Maana yake inasimuliwa nyumbani kwa walioshinda. Televisheni ikawaweka wote pembeni, ikamleta Wakati, ambaye hana upande, hana babu aliyepigana. Kwangu mimi hakuna uamuzi mkubwa zaidi katika sehemu zote 94.

Hamza: Hilo la kitukuu sikulijua.

Shangazi Mwajuma: Mimi nawaambia nilivyoiona. Kule kwao India ilianza kuonyeshwa Doordarshan, televisheni ya taifa, tarehe 2 Oktoba 1988, Jumapili. Huku Tanzania Bara kituo cha televisheni hatukuwa nacho mpaka 1994, kwa hiyo sisi wa Kisutu, Dar es Salaam, tulisubiri mikanda. Mama Jayesh alikuwa na deki. Kabla ya kuweka mkanda anaoga, anajifunika mtandio, anawasha ubani wa kijiti anauchomeka kwenye kikombe cha mchele juu ya televisheni. Sisi watoto viatu vyote nje mlangoni, tumejipanga kwenye jamvi. Ile sauti ikisema "Main samay hoon", yeye anatufasiria taratibu, "Mimi ni wakati". Kiswahili chake kizuri, kazaliwa Tanga.

Akifika pale Bharat anapomtaja Bhumanyu, anausimamisha mkanda. Picha ya zamani ikisimama haitulii, inatetemeka, mistari myeupe inapita usoni kwa Bharat. Anageuka anatuuliza: "Baba yako angeweza hivi?" Kila mtoto kimya. Jayesh tu ndiye aliyesema neno.

Bibi: Mama Jayesh, Mungu amjalie alipo. Alikuwa jirani.

Zuhura: Nairudia sasa hivi. Bando lipo.

*Saa nne na nusu usiku*

Zuhura: Nimemaliza. Safari hii nilipofika pale nikasimamisha, kama yeye. Nilikaa kimya hivi. Sura ya mama yake Bharat, jamani. Nimeendelea mpaka kwa Ganga, yule mke wa kwanza wa Shantanu, amembeba mtoto mchanga anakwenda mtoni, Shantanu yuko nyuma yake na hawezi kuuliza kwa sababu ameahidi. Nimeshindwa, nimezima taa nimeketi.

Shangazi Mwajuma: Wako saba hao anaowatupa mtoni. Wa nane ndiye huyo Devavrat.

Zuhura: Usiniambie zaidi. Ila Shangazi, Jayesh alisema nini siku ile?

Shangazi Mwajuma: Alikuwa na miaka tisa. Alimuuliza mama yake, "Na mimi, nafaa?"

Zuhura: Mama yake akamjibuje?

Shangazi Mwajuma: Alimvuta akampakata, mkubwa vile. Akanyoosha mkono akabonyeza kitufe, mkanda ukaendelea.