Mahame ya Slievemore, Ireland: watu waliishije pale?

Mpenda Mawe:
Wakuu, kwenye picha za Slievemore, kisiwani Achill, magharibi mwa Ireland, kuna magofu ya nyumba kati ya 80 na 100 yaliyojipanga chini ya mlima kwa karibu kilomita moja na nusu. Ardhi iliyoyazunguka ina mistari mistari kama mkeka. Mistari ile ni ya nini? Kaya nzima ilikaaje chumba kimoja? Na walipikia nini wakati hakuna mti hata mmoja?

Shamba la Mlimani:
Ni matuta ya viazi mviringo, mkuu. Hawakulima shamba lote. Ulichukua ukanda wa nyasi wenye upana wa mita moja au zaidi kidogo, ukamwaga mwani wa pwani au samadi juu ya nyasi zenyewe, ukapanga vipande vya mbegu. Kisha kwa beleshi refu lenye pa kukanyagia upande mmoja, liitwalo *loy*, ulikata mapande ya nyasi na udongo wake kutoka kila upande na kuyapindua juu ya mbegu. Nyasi zilizobanwa katikati zilioza zikawa mbolea, na pale ulipokata pakawa mfereji.

Huku kwetu tunafundishwa kukinga mteremko ili udongo usichukuliwe na maji. Kule matuta yalishuka na mlima, kwa sababu adui ni maji yanayotuama: tuta likikinga mteremko, mbegu inaoza kabla ya kuchipua.

Udhaifu ulikuwa kwenye mbegu. Maskini wengi walitegemea aina moja, Lumper, iliyozaa sana kwenye udongo mbovu wenye maji. Kiazi hupandwa kwa kiazi, hivyo mashina yote yalikuwa ndugu wa damu moja na yalishindwa na ugonjwa kwa pamoja. Ugonjwa wenyewe ni bakajani chelewa, uleule unaowatesa wakulima wa Njombe na Nyandarua. Mwaka 1845 ulikula sehemu ya mavuno, 1846 karibu yote. Mwaka 1847 ugonjwa ulipungua, ila mbegu zilikuwa zimeshaliwa, kwa hiyo kilichopandwa kilikuwa kidogo mno. Sensa ya 1841 ilihesabu watu milioni 8.2 Ireland nzima. Ya 1851 ilikuta milioni 6.6.

Mwashi:
Kuhusu nyumba: kuta ni mawe matupu bila chokaa. Uso wa nje na wa ndani vilijengwa kwa mawe makubwa, katikati pakashindiliwa vijiwe. Paa liliezekwa kwa nyasi na kufungwa kamba, kwani upepo wa Atlantiki hauna simile. Watu walikaa upande wa moto, ng'ombe upande wa pili wa chumba kilekile, na joto la mnyama lilisaidia usiku wa baridi. Kwenye baadhi ya kuta bado kuna pete za kufungia mifugo.

Moto wa Mboji:
Walipikia mboji, yaani udongo mweusi wa kinamasi uliojengwa na mimea isiyooza vizuri. Aprili au Mei unavua ngozi ya juu ya nyasi, kisha unakata matofali kwa beleshi lenye bawa, *sleán*. Tofali bichi ni kama sabuni iliyoloweshwa. Sehemu ya maji hufikia asilimia 90. Unayatandaza wiki moja au mbili hadi yapate gamba, halafu unasimamisha matano au sita yakiegemeana ili upepo upite. Ukiyasimamisha mapema yanavunjika, ukichelewa upande wa chini unabaki tope. Yakikauka yanapangwa rundo kubwa karibu na nyumba.

Usiku moto haukuzimwa. Makaa yalivumbikwa kwenye jivu, asubuhi yakafukuliwa na kuwekewa tofali kavu.

Shamba la Mlimani:
Nyongeza, maana wengi husema njaa peke yake ndiyo iliyohamisha kijiji. Njaa iliwaponda, lakini na kodi za mwenye ardhi zilikuwepo, na mfumo wa *rundale* ulikuwa unavunjwa. Chini ya mfumo huo ardhi ilishikwa kwa pamoja: kila kaya ilipata vipande vilivyotawanyika, kimoja pazuri, kingine pabaya, na kura ilipigwa upya mara kwa mara. Ni haki, ila vipande vilikatwakatwa kwa kila kizazi hadi havikutosha kulisha mtu. Watu wengi walishuka Dooagh, kijiji cha ufukweni, kwenye samaki na mwani. Vijana walikwenda kuvuna viazi Uskoti kila mwaka. Mwaka 1894, 32 kati yao walizama kwenye ghuba ya Clew Bay wakielekea kwenye meli.

Nyumba za juu hazikuachwa siku moja. Familia ziliendelea kupandisha ng'ombe kila kiangazi na kulala humo, desturi ya *buaile*, yaani malisho ya kiangazi, na pale Achill ilidumu hadi ndani ya karne ya 20.